Mapitio: Kifurushi cha Dini ya Kubuni ya Waabudu Upepo

Kifurushi hiki kimetungwa kwa ajili ya wachezaji wa michezo ya kuigiza hadithi na waandishi wanaobuni ulimwengu wao wenyewe, nacho kinawapa kitu ambacho wengi wetu hukilipua: dini kamili, yenye mafundisho, makuhani, sikukuu na mafarakano yake, ambayo mungu wake ni upepo. Ndani ya boksi mna kitabu cha mwongozo, ramani ya kukunjua, kadi za sala na seti ndogo ya kengele za upepo. Baada ya kukisoma kitabu chote na kukitumia mchezoni pamoja na wenzangu, ninaona kwamba dini hii inasadikika kila mtungaji anapokumbuka jinsi upepo unavyovuma kweli, na inapwaya kila anapougeuza kuwa mfalme mwenye ndevu aliyeketi angani.

Sura iliyonivutia kuliko zote ni ile inayohusu shwari. Dini nyingi za kubuni humpa mungu wake sifa ya kuwapo kila mahali na kila wakati, lakini mungu huyu huondoka, na waumini wake wanapaswa kujua la kufanya asipokuwapo. Siku ambayo hakuna jani linalotikisika, hawasemi, hawapigi kengele wala hawawashi moto mpaka uzi mwembamba uliofungwa kwenye mti nje ya hekalu uinuke. Mlinzi wa uzi huo hujifunga kitambaa mdomoni, pumzi yake isije ikadhaniwa kuwa ndiyo mungu aliyerejea. Kanuni hiyo moja ilituzalia mchezoni visa vingi kuliko vita vyote vilivyoelezwa katika sura zinazofuata, kwa sababu mhusika aliyejua siri ya hatari alilazimika ama kunyamaza ama kuvunja mwiko mbele ya watu wote.

Mtungaji ameendelea mbele kidogo, akaligawa kundi la waumini kutokana na shwari hiyohiyo. Mabaharia wao hupiga mbinja ili kuuita upepo, na makuhani wa nchi kavu wanaliita jambo hilo kufuru, kwani mungu haitwi kama mbwa. Mzozo huu una mizizi katika maisha halisi: mabaharia wa zamani waliamini kwamba mbinja huleta upepo, na merikebu za matanga zilipoingia katika ukanda wa shwari ulio karibu na ikweta ziliweza kukwama kwa siku nyingi huku maji ya kunywa yakipungua. Mtu aliyekwama namna hiyo hasubiri fatwa ya kuhani aliye bara, na kitabu kinalieleza hilo kwa huruma kwa pande zote mbili.

Ngazi za ukuhani nazo zimepangwa kwa akili. Zinaanzia sifuri hadi 12, na ni dhahiri kwamba zimeigwa kutoka kipimo alichokibuni Francis Beaufort, ofisa wa jeshi la majini la Uingereza, mwaka 1805. Katika kipimo hicho upepo wa nguvu ya 2 huhisiwa usoni na kuyachakarisha majani, ule wa 6 huyatikisa matawi makubwa na kufanya mwavuli ushikike kwa shida, na wa 12 ni tufani. Kila kuhani hapa hupewa daraja kwa upepo mkali kuliko wote aliowahi kusimama wima ndani yake, kwa hiyo makuhani wa daraja la 12 ni wachache na karibu wote ni vilema.

Ubunifu unalegea tunapofika kwenye asili ya dunia. Tunasimuliwa habari za mfalme wa upepo na wanawe wanne, mmoja kwa kila pembe ya dunia, na hapo msomaji aliyewahi kukutana na Boreas, Zephyrus, Notus na Eurus, miungu minne ya upepo ya Wagiriki wa kale, atafunua kurasa harakaharaka. Historia ilikuwa na mengi zaidi ya kumwazima mtungaji. Mabamba ya udongo ya Knossos, mji wa kale katika kisiwa cha Krete huko Ugiriki, yenye umri wa zaidi ya miaka 3,000, yanamtaja kuhani wa kike wa pepo zivumazo akipokea mafuta. Waazteki wa Meksiko ya kale walimjengea Ehecatl, mungu wao wa upepo, mahekalu ya mviringo ili upepo usigonge pembe. Ramani iliyomo boksini, kinyume chake, inaonyesha hekalu kuu la mraba, lenye kuta nene na mlango mmoja ulio demani, yaani upande ambao mungu hawezi kuingilia. Kama ni fumbo la makusudi, kitabu hakisemi popote.

Kuna pia kosa lisilosameheka kirahisi katika bidhaa inayohusu upepo. Jedwali la sala limeuchora upepo wa mashariki kwa mshale unaoelekea mashariki, ilhali upepo huitwa kwa jina la upande unakotoka. Anayefuata jedwali hilo ataswali akiwa amempa mungu kisogo mwaka mzima. Kalenda nayo inasema kwamba upepo wa msimu hugeuka usiku mmoja, kisha watu husherehekea. Pepo za msimu za Bahari ya Hindi, ambazo hugeuka kwa sababu bara la Asia hupata joto na kupoa haraka kuliko bahari, huchukua majuma kadhaa kubadilika, na katika kipindi hicho huvuma leo huku na kesho kule. Majuma ya mungu mwenye nia mbili yangekuwa na rutuba kubwa kwa mtunzi wa visa, na nimeyaongeza mwenyewe katika mchezo wetu.

Kadi za sala zimechapwa vizuri, na lugha yake ni fupi na nzito. Kengele ndizo zilizonichekesha: mirija yake ni mizito mno kwa kibao kidogo kinachoning'inia chini yake, hivyo hazilii mpaka matawi yaanze kutikisika, na kwa mujibu wa mafundisho ya kitabu chenyewe mnunuzi atalazimika kunyamaza karibu kila siku. Kipande kipana cha kadibodi kikibandikwa kwenye kibao hicho, hulia hata kwa upepo mwanana.

Mwandishi anayetaka dini ya kuweka nyuma ya hadithi yake atafaidika na sura ya shwari, ya mabaharia na ya ngazi za ukuhani, na anaweza kuiruka sura ya wana wanne bila kupoteza chochote. Kwa anayeendesha mchezo, nashauri aisahihishe mishale ya jedwali kwa kalamu kabla ya kuligawa kwa wachezaji, na mlango wa hekalu auhamishie joshini, upande upepo unakotoka.