Jezi za kale za Batistuta: anza kukagua mgongoni

Jezi ya Fiorentina ya msimu wa 1994/95 yenye jina BATISTUTA mgongoni haikuvaliwa uwanjani, hata muuzaji akiapa. Huo ndio msimu ambao Gabriel Batistuta, mshambuliaji wa Argentina, alifunga mabao 26 akawa mfungaji bora wa Serie A, ligi kuu ya Italia, tena akafunga katika kila moja ya mechi 11 za mwanzo, kwa hiyo wanunuzi wanaitafuta sana na waghushi wanalijua hilo. Ila namba za kudumu na majina mgongoni vilianza Serie A msimu wa 1995/96. Kabla ya hapo walioanza mechi walivaa 1 hadi 11, basi. Jezi sahihi ya msimu ule ni ya zambarau, imetengenezwa na Uhlsport, ina jina la mdhamini Sammontana kifuani na 9 tupu nyuma. Ukiona jina, ama jezi nzima ni feki, ama ni halali iliyobandikwa jina miaka mingi baadaye. Ya pili unaweza kuinunua, lakini usiilipie bei ya kitu adimu.

Ndivyo ilivyo kwa karibu jezi zote za Batigol, kama mashabiki walivyomwita: ukiijua safari yake ya uchezaji, nusu ya ukaguzi umeshaumaliza. Alifika Fiorentina mwaka 1991 kutoka Boca Juniors, akaondoka mwaka 2000, na katika miaka hiyo tisa klabu ilibadilisha watengenezaji na wadhamini mara kadhaa. Lotto na 7Up ni 1992/93, msimu timu iliposhuka daraja. Uhlsport na 7Up ni 1993/94, mwaka wa Serie B, ambako alikubali kubaki na kucheza. Reebok na Sammontana ni 1995 hadi 1997. Fila na Nintendo ni 1997 hadi 1999, kisha Fila na Toyota ni 1999/2000. Diadora ilianza msimu wa 2000/01, na wakati huo yeye alikuwa ameshahamia Roma. Kwa hiyo Diadora ya zambarau yenye jina lake haina maelezo yoyote ya kuiokoa.

Kuna moja ya kuiendea kwa tahadhari: jezi ya ugenini ya Lotto ya 1992/93. Michoro yake ilipokutana ilitengeneza umbo linalofanana na swastika, alama ya Wanazi, klabu ikaiondoa msimu ukiwa katikati. Uadimu huo umepandisha bei yake, na bei ikawaita waghushi. Kama huna mtu wa kulinganisha nawe picha za lebo na mishono, iache.

Tukiulizwa ipi inunuliwe kwanza, jibu ni Fila na Nintendo ya 1998/99. Si kwa sababu ya kombe, maana msimu ule haukuleta lolote: Fiorentina iliongoza ligi hadi katikati, Batistuta akaumia Februari, timu ikamaliza ya tatu. Ila rangi imekolea, maandishi meupe ya mdhamini yanasomeka kutoka mbali, na jina na namba 9 vinastahili kuwepo mgongoni. Udhaifu wake ni huo huo mdhamini. Maandishi makubwa ya plastiki yanapasuka kwenye mikunjo, hasa jezi ikiwa imekunjwa miaka mingi mahali pale pale. Omba picha ya kifua iliyopigwa kwa mwanga wa pembeni, kwani picha ya mbele moja kwa moja huficha nyufa.

Reebok ya 1996/97 tunaipenda zaidi ya wengi wanavyoipenda. Fiorentina ilitwaa Coppa Italia mwaka 1996, kwa hiyo jezi sahihi ya msimu uliofuata ina duara dogo la kijani, nyeupe na nyekundu kifuani. Kwenye feki duara hilo husahaulika, au hubandikwa kwenye jezi ya msimu mwingine.

Roma ndiko wanunuzi wengi wanakopigwa. Wanadhani mshambuliaji huyu lazima alivaa 9. Hapana: 9 ilikuwa ya mshambuliaji mwenzake, Vincenzo Montella. Msimu wa 2000/01, alipofunga mabao 20 na Roma ikawa bingwa, Batistuta alivaa 18. Msimu wa 2001/02 alivaa 20, na hapo ndipo ngao ya bingwa yenye rangi tatu inapaswa kuonekana kifuani. Namba 18 pamoja na ngao ni mchanganyiko wa misimu miwili. Jezi hizo za Kappa hubana mwili, basi panda saizi moja, na mwenye kifua kipana apande mbili. Za Fiorentina za miaka ya 90 ni kinyume chake, pana na zenye mikono mirefu kidogo. Usiamini herufi ya saizi. Omba kipimo cha sentimita kutoka kwapa hadi kwapa, jezi ikiwa imelala, kisha linganisha na fulana unayovaa kila siku.

Za Argentina ni rahisi kukagua: alivaa 9 katika Kombe la Dunia la 1994, 1998 na 2002, zote Adidas. Kwa ya 1994 aliifunga Ugiriki, kwa ya 1998 Jamaika, mabao matatu kila mechi, na hakuna mwingine aliyefunga matatu katika mechi moja kwenye Kombe la Dunia mbili tofauti.

Jezi mpya zinazoigiza za kale zinafaa kuvaliwa tu. Kitambaa ni chepesi zaidi na mara nyingi jina la mdhamini limeachwa. Kifua kitupu cha zambarau, kwa kweli, hakisisimui.

Ukishaipata ya asili, igeuze ndani nje, ifue kwa mkono kwenye maji ya baridi na sabuni kidogo, bila kuloweka usiku kucha wala kutia dawa ya kung'arisha. Usiikamue kwa kuisokota, maana namba huanza kubanduka pembeni. Ianike kivulini, zambarau hupauka haraka juani, mabegani kwanza. Kona ya namba ikiinuka, weka karatasi ya kuokea juu yake, bonyeza pasi ya moto mdogo kabisa kwa sekunde tano, acha ipoe kabla ya kuigusa, kisha rudia kama haijashika. Ukiongeza moto ili kuwahi, poliesta inang'aa pale ulipobonyeza, na mng'ao huo hautoki. Kuihifadhi, itandaze au izungushe kwenye bomba la karatasi huku mdhamini akiwa nje.