Chati ya Baraza la Mawaziri: Nyuso Nyingi, Maelezo Machache

Katika duka moja la vifaa vya shule karibu na soko la zamani hapa Malindi, kati ya ramani ya kaunti 47 na mchoro wa mmeng'enyo wa chakula, inauzwa chati ya ukutani inayoonyesha Baraza la Mawaziri la Kenya. Bei yake ni shilingi 350. Karatasi ni nzito na imefunikwa kwa plastiki pande zote mbili, jambo linalofaa kwa mji wa pwani ambako karatasi tupu hujikunja kwa unyevu kabla muhula haujakwisha, na maandishi ya juu husomeka vizuri hata kwa mwanafunzi aliyeketi nyuma ya darasa.

Tatizo lipo kwenye nyuso. Zaidi ya nusu ya chati imejazwa picha za mawaziri, ilhali waziri huteuliwa na Rais, hupigwa msasa na Bunge la Taifa, kisha anaweza kuhamishwa au kufutwa kazi wakati wowote Rais atakapo. Tarehe 11 Julai 2024 Rais William Ruto aliwafuta mawaziri wote pamoja na Mwanasheria Mkuu, akambakisha Mkuu wa Mawaziri, Musalia Mudavadi, peke yake. Naibu wa Rais wa wakati huo, Rigathi Gachagua, hakuguswa, kwa kuwa Katiba haimpi Rais uwezo wa kumwachisha kazi naibu wake. Alipoondoka Oktoba mwaka huohuo, aliondolewa kwa kura za Bunge la Taifa na Seneti. Badala ya kuchapisha chati upya, waliotengeneza hii wamebandika stika juu ya picha za zamani, na tena hawakuzimaliza: katika nakala yangu Kithure Kindiki yupo mara mbili, juu akiwa Naibu wa Rais na chini akiwa bado waziri wa usalama wa ndani. Ukiinua pembe ya stika kwa ukucha, waziri aliyefutwa anachungulia. Watoto wangu wamefurahi mno, ila sidhani mwalimu wao atafurahi.

Sehemu ya chini, ambayo wanunuzi wengi huenda wasiitazame, ndiyo iliyonifanya nisiirudishe dukani. Inaeleza sawasawa kwamba Baraza lina Rais, Naibu wa Rais, Mwanasheria Mkuu na mawaziri wasiopungua 14 wala kuzidi 22. Kwamba maamuzi yake sharti yawe ya maandishi. Na kwamba mawaziri huwajibika kwa Rais, kila mmoja peke yake na wote kwa pamoja. Hata Katibu wa Baraza ametajwa, yule anayepanga shughuli za vikao, kutunza kumbukumbu na kufikisha maamuzi kwa wanaopaswa kuyatekeleza, ingawa magazetini jina lake hulioni mara nyingi.

Lakini kanuni kwamba waziri hawezi kuwa mbunge imepewa mstari mmoja tu, bila mfano wala sababu, na sisi wa Malindi tunao mfano uliotutoa majumbani kwenda kupiga kura. Chini ya Katiba ya zamani mawaziri walitoka bungeni; chini ya hii ya 2010, mbunge wetu Dan Kazungu alipoteuliwa kuwa waziri wa madini mwishoni mwa 2015, ilimbidi akiache kiti, na Machi 2016 ukafanyika uchaguzi mdogo. Aisha Jumwa, aliyekuwa mbunge wa Malindi hadi 2022, aliingia Barazani baada ya muhula wake kwisha, kwa hiyo hakuwa na kiti cha kuacha. Naye alikuwa miongoni mwa waliofutwa Julai 2024. Aya moja ya namna hiyo ingemfundisha mtoto zaidi ya picha kumi.

Kuhusu Bunge kumwajibisha waziri, chati iko kimya kabisa, na hilo ndilo pengo kubwa zaidi. Robo ya wabunge wakiunga mkono, hoja ya kumtaka Rais amfute waziri inaweza kuwasilishwa. Theluthi moja wakiikubali, kamati ya wabunge 11 huchunguza na kutoa ripoti ndani ya siku 10. Mei 2024 utaratibu huo ulitumika dhidi ya Mithika Linturi, aliyekuwa waziri wa kilimo, kuhusu mbolea ghushi: hoja ilipita, lakini kamati ikaona madai hayakuthibitishwa.

Mchoro nao umemweka Mkuu wa Mawaziri kwenye ngazi yake, kwa mstari mnene, kati ya Naibu wa Rais na mawaziri wengine. Katiba haina cheo hicho, kwani kiliundwa kwa amri ya Rais mwaka 2022, na mstari wa vitone ungetosha.

Ipo pia chati ndogo ya shilingi 150. Hiyo msiinunue: picha zimebaki zilezile, maelezo ya chini ndiyo yaliyokatwa.