Chati ya infildi inayouzwa Ngamiani: namba zimekaa sawa, maelezo ya autu yarekebishwe

Mwalimu wa michezo hapa Tanga anayeanza besiboli na watoto wasiowahi kuuona mchezo huu, chati hii ya ukutani itamfaa. Inataja kila sehemu ya infildi, yaani eneo la ndani la uwanja lenye beisi, kwa Kiswahili, tena kwa herufi kubwa. Ila kabla ya kuitundika, shika kalamu ya wino mzito.

Namba za wachezaji wamezipatia: pitcha (mrusha mpira) 1, kecha (mdakaji aliye nyuma ya mpigaji) 2, mlinzi wa beisi ya kwanza 3, wa pili 4, wa tatu 5, shotistopu 6. Shotistopu ndiye huwachanganya wanafunzi, kwani hana beisi yake; husimama kati ya ya pili na ya tatu. Hapa amepakwa rangi ya peke yake, jambo zuri mno. Mtoto akikuta 6-4-3 anaufuata mpira kwa kidole: shotistopu ameuokota, kampa 4 aliyekanyaga beisi ya pili, naye karusha ya kwanza. Autu mbili, yaani wawili wametolewa, kwa pigo moja.

Lakini huyo 4 amechorwa juu ya beisi kabisa. Akisimama hivyo, upande wote wa kuelekea beisi ya kwanza unabaki wazi. Mfute, umsogeze huko, hatua kadhaa nyuma ya njia ya wakimbiaji.

Kosa zito liko kwenye autu. Chati inasema mkimbiaji lazima aguswe na mpira, basi. Sivyo. Mkimbiaji aliye beisi ya kwanza, mpira ukipigwa chini, hana budi kumpisha mpigaji. Mlinzi akiwa na mpira na kukanyaga beisi ya pili kabla mkimbiaji hajafika, imetosha. Sasa angalia hapa: mlinzi wa 3 akiokota na kukanyaga beisi yake kwanza, mpigaji ametoka, na ile lazima ya mkimbiaji kupisha imekufa. Akirusha ya pili, mwenzake amguse mkimbiaji kwa mpira. Watoto wengi hukanyaga beisi na kutulia, mkimbiaji anapita salama.

Infildi flai (mpira wa juu ndani ya infildi) nayo imepewa mstari mmoja, bila masharti. Andika pembeni: beisi ya kwanza na ya pili zina wakimbiaji, au zote tatu, autu hazijafika mbili, mpira wa juu unaodakika kwa urahisi. Mpigaji ni autu hata ukianguka, ili mlinzi asiuangushe makusudi akavuna autu mbili.

Vipimo ni sahihi: mita 27.43 kati ya beisi, 18.44 kutoka hom (beisi ya mpigaji) hadi kwa pitcha. Wamesahau 38.79, kutoka hom hadi katikati ya beisi ya pili, na bila hiyo uwanja hutoka mshazari. Anza na hiyo, kisha vuta kamba mbili za 27.43, moja kutoka kila ncha yake; zinapokutana kulia ni kona ya kwanza, kushoto ya tatu.

Plastiki iliyoifunika chati imekatwa sawasawa na karatasi, bila ukingo, hivyo unyevu wa bahari utapenya na kubandua kona. Zungushia selotepu pande zote nne.