Saa ya jua juu ya jabali, Pasiansi: uzoefu wangu wa miezi mitano

Nyuma ya nyumba yangu Pasiansi, Mwanza, kuna saa ya jua ya chuma, inayoonyesha saa kwa kivuli, imesimikwa kwa saruji juu ya jabali tangu mwisho wa Oktoba. Mchoro ni wangu, na aliyeichomelea ni fundi mageti wa mtaani kwetu, kwa shilingi 45,000. Nafundisha jiografia sekondari. Kila mwaka naandika ubaoni kwamba digrii 15 za longitudo ni saa moja na digrii moja ni dakika 4, wanafunzi wananakili, yanaishia hapo. Nilitaka waione hesabu hiyo ikitembea.

Kwanza nilinunua mtandaoni saa ya jua ya shaba. Inapendeza macho, lakini huku haifai kitu. Kibamba chake cha kutoa kivuli kimeinuliwa sana kwa sababu kimepimwa kwa Ulaya, na namba zake zinazunguka kinyume na kivuli cha upande wetu wa ikweta. Muuzaji hakuandika popote kwamba saa ya jua hutengenezwa kwa mahali pake. Mnunuzi anastahili kuambiwa hilo kabla ya kutoa pesa.

Nikageukia mfano wa Jaipur, India, kwenye kituo cha kuangalia anga cha Jantar Mantar alichojenga mfalme Sawai Jai Singh wa Pili katika karne ya 18. Humo mna Samrat Yantra: ukuta wa pembetatu wenye ngazi mgongoni, kimo mita 27 hivi, na kila upande mkono wa mawe uliopinda, ambao kivuli hutambaa juu yake kadiri ya milimita moja kwa sekunde. Mgongo wa ukuta ule umeinuka digrii 27 kuelekea kaskazini, sawa na latitudo ya Jaipur. Sisi Mwanza tuko digrii 2.5 kusini ya ikweta. Kwa hiyo ukiuleta huku, ngazi yote inalala, na ncha iliyoinuka inatazama kusini.

Ndivyo ilivyo yangu. Nondo ya sentimita 60 imelala juu, ncha ya kusini imeinuliwa sentimita 2.6 tu kuliko ya kaskazini. Chini yake katikati kuna bapa lililokunjwa nusu duara, kama mpini wa ndoo uliogeuzwa. Fundi aliniuliza, "Mwalimu, hii pimamaji inakataa, niinyooshe?" Nikamwambia aiache hivyohivyo, humo ndimo ilimo Mwanza.

Kusini nilikupata kwa kijiti na kamba: simika kijiti wima, chora duara kukizunguka, tia alama ncha ya kivuli inapoligusa asubuhi, na tena alasiri, unganisha alama mbili, mstari unaokata katikati ndio kaskazini na kusini.

Kilichonifurahisha kuliko vyote ni namba. Nusu duara ina digrii 180, yaani saa 12 kamili. Jua linapochomoza kivuli kiko mwanzo wa bapa, saa moja ni moja, saa sita iko chini kabisa, magharibi kimefika kumi na mbili. Ni hesabu yetu ya Kiswahili bila kubadili kitu, na kwa kuwa huku mchana ni karibu saa 12 mwaka mzima, bapa halipungui wala halizidi.

Halafu wanafunzi walileta simu. Mwanzoni mwa Novemba kivuli kilifika sita simu ikisema saa 6 na dakika 32. Katikati ya Februari ilikuwa saa 7 na dakika 2. "Mwalimu, simu inadanganya?" Hapana. Simu inafuata saa ya Afrika Mashariki, inayohesabiwa kwa longitudo ya digrii 45, inayopita karibu na Mogadishu. Sisi tuko kwenye 32.9, nyuma kwa dakika 48 hivi. Dakika zinazozidi au kupungua hapo zinatokana na dunia kuinama na kwenda mbio tofauti katika njia yake. Longitudo hiyohiyo ndiyo sababu adhuhuri ya Mwanza inachelewa ile ya Dar es Salaam kwa dakika 25 hivi, jambo ambalo kila msikiti huku unalijua. Machi 14 hivi jua lilipita utosini, na mlingoti wa bendera ya shule ukakosa kivuli. Darasa lilinyamaza kabisa.

Kasoro ipo. Nondo niliyotumia ni ya milimita 12, na kwenye bapa langu dakika moja ni milimita 1.3, kwa hiyo kivuli peke yake kinafunika dakika tisa. Inabidi kukisia katikati yake. Chukua ya milimita 6. Siku za mawingu ya vuli hakuna cha kusoma. Na upepo wa ziwa umeshaanza kuleta kutu kwenye viungo, kwa hiyo piga rangi ya kuzuia kutu kabla ya kusimika.

Walio Bukoba au Musoma, msininakili vipimo: kwa nondo ya urefu huu, ncha ya kusini iinueni sentimita moja na nusu tu.