TAHADHARI: Dalali wa "tenda ya jeshi" asiyetaka umwone mnunuzi

Wenzangu mnaouza sare, buti, mahema, vipuri na vyakula vya jumla, someni hii kabla hamjatuma pesa. Kuna madalali wanaozunguka Nairobi wakinadi "tenda ya jeshi". Ndugu yangu mwenye duka la sare amefuatwa. Alitumiwa LPO (hati ya kuagiza bidhaa) kwa WhatsApp, ina nembo ya serikali na muhuri wa zambarau, kisha akaambiwa atoe "hela ya kufungua faili" kwa M-Pesa siku hiyohiyo. Ukiivuta picha karibu, unaona kingo nyeupe kuzunguka muhuri: umekatwa kwenye karatasi nyingine ukabandikwa. Alipoomba kumwona ofisa wa ununuzi, dalali akamjia juu: "Mkubwa hataki kuonekana kwenye haya mambo. Wewe malizana na mimi."

Jibu hilo ni la kuogopwa kuliko muhuri. Muhuri feki ukikaguliwa hujulikana. Lakini dalali akishajiweka katikati peke yake, wewe atakwambia hili, mwenzako wa upande wa pili atamwambia lile, na hakuna wa kumsuta.

Msidhani wanaonaswa ni wasiosoma. Serikali ya Marekani yenyewe iliingia mkenge kwa dalali wa namna hii, Manucher Ghorbanifar, Muirani aliyekuwa kwenye biashara ya meli kabla ya mapinduzi ya 1979, kisha akaishi uhamishoni Ufaransa. Alijitangaza kuwa anawajua wakubwa wa Tehran. CIA, shirika la ujasusi la Marekani, walimchunguza wakamwona mzushi, na mwaka 1984 wakatoa ilani kwa maofisa wao wasishughulike naye. Tahadhari ilikuwa imeshaandikwa, tena na watu ambao kazi yao ni kujua. Mwaka uliofuata, watu wa Rais Reagan wakawa wanapitia kwake.

Ilikuwaje? Kila upande ulikuwa na shida ya kweli. Iran ilikuwa vitani na Iraq, ikihitaji makombora, na Marekani ilikuwa imeizuilia silaha. Wamarekani nao walikuwa na raia wao waliotekwa Beirut na makundi yaliyo karibu na Iran, na familia zao zilikuwa zinalia kila siku. Ghorbanifar akaja na dawa ya wote wawili: toeni makombora kupitia Israel, mateka watatoka. Mtu mwenye dhiki hasikii ilani.

Ikabaki pesa. Iran haikutaka kulipa kabla ya kuona mzigo, Israel haikutaka kutoa mzigo kabla ya kuona pesa. Hapo akaingia Adnan Khashoggi, Msaudi aliyetajirika kwa kamisheni za silaha, akaweka fedha zake katikati. Watu wa Laikipia wanalijua jina hilo: shamba la Ol Pejeta liliwahi kuwa lake kabla ya kuingia mikononi mwa kampuni ya Lonrho.

Sasa tazameni mali ilivyotoka na kilichorudi. Agosti na Septemba 1985 yalipelekwa makombora 504 ya TOW, ya kupigia vifaru. Akaachiliwa mateka mmoja, mchungaji Benjamin Weir. Novemba yakapelekwa 18 ya HAWK, ya kutungulia ndege, na Wairani wakaja juu kwamba si aina waliyoagiza. Januari 1986 CIA wakamweka Ghorbanifar kwenye mashine ya kupima uongo. Akaanguka karibu kila swali la maana. Mwezi uliofuata biashara ikaendelea! Yalipelekwa TOW 1,000, zikalipwa dola milioni 10, na katika hizo zilizolipia makombora yenyewe ni milioni 3.7 tu. Tofauti ikabaki kwenye akaunti za Uswisi zilizoendeshwa na kundi la Oliver North, ofisa wa Baraza la Usalama la Ikulu ya Marekani, na sehemu ya faida za mauzo hayo ikaenda kwa waasi wa Contra wa Nicaragua, ambao Bunge la Marekani lilikuwa limekataza wasipewe msaada wa kijeshi.

Mei 1986 ujumbe wa Marekani ukiongozwa na Robert McFarlane, aliyekuwa mshauri wa usalama wa Reagan, ukatua Tehran ukiamini mateka wote wataachiliwa. Wenyeji wakashangaa, maana wao hawakuwa wameahidi hivyo. Baadaye Wairani wakapata orodha ya bei za Marekani, wakagundua wanauziwa vipuri kwa bei iliyorushwa mara kadhaa. Khashoggi naye akawa anadai mamilioni yake. Septemba na Oktoba wakatekwa Wamarekani wengine watatu Beirut. Hilo linaniuma kuliko hesabu zote: pesa na makombora vimekwenda, na familia nyingine tatu zimeingia kwenye kilio kilekile.

Siri ikafichuliwa na jarida la Ash-Shiraa la Lebanon Novemba 1986. North akafukuzwa, mshauri wa usalama wa wakati huo, John Poindexter, akajiuzulu. Ghorbanifar hakushtakiwa, na Desemba 2001 alikuwa Roma, amekaa na maofisa wa Pentagon (wizara ya ulinzi ya Marekani), anauza habari za Iran upya. Kwa hiyo mkisikia dalali fulani "alishajulikana", msidhani amestaafu.

Kwetu pia, Februari 2020, makachero wa DCI (idara ya upelelezi wa jinai) waliwakamata watu katika kesi ya mkataba feki wa vifaa vya kijeshi wa karibu shilingi bilioni 39. Wageni waliodai kutapeliwa walikuwa wamefikishwa Harambee House Annex, ofisi ya Naibu Rais. Washtakiwa walikana, na sisemi kuwa wana hatia. Ninachowaomba mkizingatie ni mahali: lile jengo lilikuwa la kweli, na walinzi wa kweli mlangoni. Kuketi kwenye kiti cha ofisi kubwa si ushahidi wa chochote.

Basi dalali akikufuata, mwambie unataka kuongea na mnunuzi mwenyewe, ofisini kwake, kwa namba uliyoitafuta wewe na si aliyokupa yeye. Akikupigia "ofisa" kwa simu ya dalali, kata. Tenda za serikali kwa kawaida hutangazwa, tafuta namba ya tenda kwenye tovuti ya manunuzi ya umma. LPO uliyotumiwa ipeleke Ulinzi House, makao ya Wizara ya Ulinzi, Barabara ya Lenana, uulize kama wanaitambua. Ukiambiwa "fanya haraka, wengine wanaisubiri", waachie hao wengine. Na kama umeshatuma pesa, usifute ujumbe wala usiogope aibu: hifadhi namba, LPO na risiti za M-Pesa, nenda DCI leo, maana anayekuuzia wewe asubuhi anamuuzia mwingine jioni.