Majani makavu ya Provence: ya kununua na ya kuachia rafuni

Ukisimama mbele ya rafu ya viungo ukitafuta Herbes de Provence, yaani mchanganyiko wa majani makavu ya viungo wenye jina la Provence, eneo la kusini mwa Ufaransa, utakuta chupa kadhaa zenye jina hilohilo, bei zimeachana sana, na kila moja ina yake ndani. Hakuna aliyevunja sheria. Jina hilo halilindwi hata huko Ufaransa kwenyewe: kiwanda chochote kinaweza kuchukua majani makavu ya Poland, Moroko, Albania au Uchina, kikayachanganya kinavyotaka, kikabandika picha ya kilima chenye jua na kuyauza kwa jina la Provence. Kwa hiyo kabla ya kulinganisha chupa na chupa, jiulize kama unaihitaji chupa yenyewe.

Kwa maoni yangu wengi hawaihitaji. Hapa chini nimezipanga njia za kuupata mchanganyiko huu, kuanzia ile ninayoifuata jikoni kwangu hadi zile ambazo ningekushauri ubaki na pesa yako mfukoni.

Kinachotakiwa kuwemo

Ufaransa ina alama rasmi ya ubora iitwayo Label Rouge, na tangu 2003 kuna mchanganyiko wa Provence unaoruhusiwa kuibeba. Vipimo vyake, kwa uzito, ni hivi: rozimeri asilimia 27, oregano 27, sarieti 27, thaimu 19. Basi. Hakuna lavenda, hakuna shamari, hakuna chumvi. Wapishi wa Provence hawafuati kanuni moja, na ziko nyumba zinazotia marjoramu (ndugu mpole wa oregano) au mrihani kidogo, wala si kosa. Ila ukiwa na hesabu hiyo kichwani unaweza kuikagua chupa yoyote bila kuifungua.

Jani la kutafuta kwanza kwenye orodha ni sarieti. Ni ndugu wa thaimu na nanaa, lina ukali unaokaribia wa pilipili manga, na bila hilo mchanganyiko unabaki na ladha ya pizza. Lavenda nayo iliingizwa kwa ajili ya wanunuzi wa Marekani, ambao wakisikia Provence huona mashamba ya zambarau. Ukiipenda itie, lakini kidogo sana, maana ikizidi chakula kinanuka sabuni.

Nafasi ya kwanza: nunua majani manne mbalimbali, changanya mwenyewe

Nunua rozimeri, oregano, sarieti na thaimu, kila moja kwenye pakiti yake, na iwe jani zima badala ya unga. Kwanza, unaona unachonunua. Thaimu iliyojaa vijiti haina pa kujificha ikiwa peke yake. Ndani ya mchanganyiko vijiti hivyo vinapita kama rozimeri.

Pili, ni nafuu, mradi uhesabu kwa gramu. Tuseme chupa ya gramu 20 inauzwa shilingi 300 na pakiti ya gramu 100 shilingi 600. Chupa inakutoza shilingi 15 kwa gramu, pakiti shilingi 6. Zile 9 zinazobaki unalipia kioo, kifuniko na karatasi ya rangi.

Oregano inunue kwa macho makali. Kituo cha utafiti cha Tume ya Ulaya kilipopima viungo vinavyouzwa sokoni na kutoa ripoti mwaka 2021, oregano ndiyo iliyoongoza kwa kutiliwa shaka: asilimia 48 ya sampuli zake, na uchafu uliokutwa zaidi ulikuwa majani ya mzeituni. Jani la mzeituni likishakatwakatwa, mpishi hawezi kulitofautisha kwa kuliangalia tu. Kinga rahisi ni kununua oregano ikiwa bado kwenye vijiti vyake, kama inavyouzwa kwenye maduka ya Kigiriki, au angalau jani ambalo halijasagwa. Sugua kidogo kiganjani na unuse. Oregano nzuri inapanda puani mara moja. Ikinuka nyasi kavu au vumbi, irudishe.

Walioko Marekani na Kanada waangalie jambo jingine: ile inayoitwa oregano ya Meksiko ni mmea wa ukoo tofauti kabisa, wenye harufu yake. Inafaa kwa maharage na nyama za huko, lakini hapa siyo. Tafuta iliyoandikwa ya Ugiriki, ya Uturuki au ya Mediterania. Mlioko Oman na nchi za Ghuba mna njia ya mkato, kwa sababu jani tupu la zaatari lina harufu ya jamii hiyohiyo na linaweza kusimama badala ya oregano. Nasema jani tupu. Zaatari iliyochanganywa, yenye ufuta, sumaki (kile kiungo chekundu kichachu) na chumvi, iacheni kwa ajili ya mkate.

Sarieti ndiyo itakayokusumbua ukiwa Nairobi, Dar es Salaam au Kampala. Wenye ndugu Ulaya waagize. Ujerumani iko kwenye supamaketi za kawaida kwa jina la Bohnenkraut, kwani Wajerumani huipikia maharage, na kwenye mikoa ya mashariki ya Kanada nako ni kiungo cha kila siku. Zipo aina mbili. Ile ya mwaka mmoja ni laini na tamu kidogo; ile ya milimani, inayodumu miaka, ni kali zaidi, na ndiyo yenye tabia ya Provence. Ukipata yoyote kati ya hizo, chukua. Ukikosa kabisa, weka rozimeri gramu 27, oregano 27, thaimu 30 na marjoramu 16. Haitakuwa ileile, lakini mgeni wako hatalalamika.

Kuchanganya si kazi ya kutisha. Rozimeri pekee ndiyo inayohitaji mkono: ikiachwa nzima inachoma fizi na kukwama kooni, kwa hiyo itie kwenye kinu, ipige kidogo kwa mchi mpaka vipande viwe vifupi kama punje za mchele, kisha usimame hapo. Ukiendelea unapata unga, na unga hupoteza harufu upesi. Majani mengine yaache yalivyo. Mwaga yote kwenye sinia, chambua vijiti vigumu, changanya kwa vidole, weka kwenye chupa kavu yenye kifuniko kinachobana.

Pima kwa mizani ukiwa nayo, kwa kuwa oregano ni nyepesi na kijiko chake kinadanganya. Asiye na mizani akadirie vijiko vinne vya oregano, vitatu vya rozimeri, vitatu vya sarieti na viwili vya thaimu.

Nafasi ya pili: mchanganyiko wenye Label Rouge

Kama unapika vyakula hivi mara chache kwa mwaka, acha habari ya pakiti nne. Nunua chupa moja au mfuko mmoja wenye alama nyekundu na umalize. Utalipa zaidi kwa kila gramu, lakini vipimo vyake vinajulikana na vimekaguliwa. Unapatikana kwa urahisi kwenye maduka ya Ufaransa, na anayetoka huko kuja nyumbani anaweza kuubeba bila kulemewa na mzigo.

Kumbuka tu kwamba alama hiyo inasema habari za ubora. Kama unajali yalikotoka majani, soma pia mstari wa asili, ambao unapaswa kutaja Ufaransa au Provence waziwazi. Sentensi ya kwamba yamefungwa Ufaransa haitoshi, kwa sababu kufunga ni jambo moja na kulima ni jingine.

Nafasi ya tatu: kausha mwenyewe unachoweza

Hii ningeiweka juu zaidi kama yangeota yote manne uani. Rozimeri ipo tele Nairobi, Arusha na Moshi, mahali pengine imepandwa kama ua wa nyumba na watu wanapita bila kuitazama. Thaimu mbichi nayo inapatikana kwenye supamaketi za mijini, tena Kenya husafirisha majani mabichi ya viungo kwenda Ulaya. Kwa hiyo nusu ya mchanganyiko unaweza kuikausha mwenyewe, ukanunua oregano na sarieti tu.

Funga matawi kwa vifungu vidogo, uyaning'inize kivulini penye hewa. Kuanika juani hapana: jua linababua rangi na kufukuza mafuta yenye harufu. Oveni nayo ni ya hatari, kwani nyingi haziwezi kushuka hadi nyuzi 40, na zaidi ya hapo unakausha na kupika kwa pamoja. Pwani, unyevu wa hewa ndio adui. Mombasa au Tanga wakati wa masika fungu linaweza kuota ukungu kabla halijakauka, kwa hiyo tumia feni chumbani au subiri kiangazi. Liko tayari pale kijiti kinapovunjika kwa mlio badala ya kupinda. Rozimeri na thaimu zinastahimili kukaushwa vizuri. Mrihani haustahimili, unageuka mweusi na kubaki na harufu ya chai ya zamani, heri uutumie mbichi.

Usisahau kwamba majani yanasinyaa: rundo linalojaza kapu linaweza kuishia kikombe kimoja. Ukilazimika kununua mabichi kwa bei ya supamaketi ili uyakaushe, hesabu inakukataa. Njia hii ni ya mwenye kichaka chake, au mwenye jirani mwema.

Nafasi ya nne: chupa ya kawaida ya supamaketi

Si mbaya zote. Geuza nyuma usome. Ikiwa maandishi ni ya Kifaransa, tafuta romarin, thym, origan na sarriette. Kwa kawaida sheria za Ulaya hutaka kinachozidi kwa uzito kitajwe kwanza, lakini mchanganyiko wa viungo ambao hakuna kinachozidi sana unaruhusiwa kuandikwa kwa mpangilio wowote, mradi pawekwe maneno kama «en proportion variable», yaani kwa viwango vinavyobadilika. Ukiyaona, jua mtengenezaji amejiachia uhuru wa kubadili vipimo, na chupa ya mwezi huu huenda isifanane na ya mwezi ujao.

Iache ikiwa ina chumvi ndani, au rangi yake imekuwa kahawia, au vumbi limejaa chini ya chupa. Kijani cha kijivu ndicho kinachotakiwa. Chupa iliyo mbele kabisa ya rafu, chini ya taa, imechoka kuliko ya nyuma, kwa hiyo ingiza mkono ndani.

Za mwisho

Vile vyungu vidogo vya udongo vyenye kizibo, na mifuko ya kitambaa cha maua inayouzwa kwa watalii, ni mapambo. Udongo usiopakwa rangi ya kung'aa unapitisha hewa, kitambaa ndiyo kabisa. Mkipenda chungu, nunueni chungu, majani yaliyomo muyaone kama nyongeza. Mchanganyiko uliosagwa unga mimi siununui kwa bei yoyote: huwezi kujua kilichosagwa, na harufu imeanza kuondoka tangu kiwandani.

Kiasi na matumizi

Usishawishike na mfuko wa kilo. Majani makavu yakikaa kwenye kabati lenye giza, mbali na jiko, hubaki na nguvu kwa miezi sita hadi mwaka. Baadaye hayakudhuru, ila hayafanyi kazi. Gramu 100 zinaitosha familia inayopika hivi kila wiki. Kopo lililo juu ya jiko linapigwa mvuke kila siku na halifiki huko.

Tofauti na kotmiri, haya hutiwa mapema. Kwenye ratatouille, ule mchuzi wa mboga wa Provence, yaingie na vitunguu, mafuta yakishapata moto kiasi, yapate muda wa kulainika. Kwa kuku au mwanakondoo wa kuoka, kijiko kimoja cha chakula kwa kilo moja ya nyama kinatosha. Yakiwa ya kwenda juu ya mkaa, yaloweke kwanza ndani ya mafuta ya zeituni kisha ndiyo upake nyama. Yakinyunyizwa makavu yanaungua na kuwa machungu kabla nyama haijageuzwa upande wa pili.