The Great Indian Kitchen: filamu ya Kimalayalam isiyotoka jikoni

Kama nyumbani kwenu wali wa nazi unafika mezani na hakuna anayeuliza umefikaje, itazameni filamu hii ya Jeo Baby kutoka Kerala, kusini mwa India. Ni kama saa moja na dakika arobaini, na sehemu kubwa inapita jikoni.

Bibi harusi (Nimisha Sajayan) amelelewa kwenye dansi. Anaolewa na mwalimu (Suraj Venjaramoodu) anayefundisha wasichana darasani maana ya familia. Mwanzoni chakula kinatamanisha. Halafu kazi ileile inarudi: kukata, kusaga, kupangusa, kuzoa makapi waliyotema wanaume mezani. Muziki ni haba. Unasikia kisu, maji na moto. Mimi nimekulia kwenye mbuzi ya nazi, na nilipomwona ameinama tena alfajiri, mgongo wangu uliuma.

Baba mkwe hafoki. Anaomba kwa upole wali upikwe kwa kuni, chatne isagwe kwa jiwe, nguo zake zifuliwe kwa mkono, na mashine ya kufulia imo humohumo ndani. Upole ule umenichoma kuliko matusi, kwa sababu utamjibu nini mzee anayekuita mwanangu? Binti anapotaka kuomba kazi, mzee anamsifu mkewe: ana shahada ya uzamili, lakini alibaki nyumbani kulea. Bomba la sinki linavuja, mume anaombwa kila mara amwite fundi, anasahau.

Kisha inakuja hedhi, na binti anatengwa. Hapo filamu inagusa Sabarimala, hekalu la Kihindu huko Kerala lililowazuia wanawake wa umri wa hedhi, ambalo mwaka 2018 Mahakama ya Juu ya India iliamua wanawake wa umri wowote waruhusiwe kuingia, Kerala ikawaka kwa maandamano. Jimbo hilo linasifika kwa elimu, zaidi ya asilimia 90 ya watu wake wanajua kusoma, ndiyo maana kioo hiki kiliwauma. Majukwaa makubwa ya filamu mtandaoni yaliikataa. Ilitoka tarehe 15 Januari 2021 kwenye jukwaa dogo la Neestream, watu wakaitafuta hukohuko, na ugomvi wa nani aoshe vyombo ukahamia sebuleni. Baadaye serikali ya Kerala ikaipa tuzo ya filamu bora ya mwaka 2020.

Kasoro ninayoiona ni mume. Hatumwoni hata mara moja akiwa peke yake na shaka moyoni, na mtu wa namna hiyo ningependa kumwelewa, maana tunaishi naye. Dansi ya mwisho nayo inaeleza tena tulichokwisha kuelewa.

Kuna maandishi ya Kiingereza chini ya picha. Wadogo wasiwepo, zipo sehemu za chumbani. Vijana wa kiume wanaokaribia kuoa, waiteni wakae mpaka mwisho.